Kimya cha Bi Misao

Hebu mwone anavyoingia studioni: mwanamke mfupi wa miaka hamsini na kitu, mwavuli unachuruzika maji, haangalii mtu. Sisi wapiga fidla tunaacha kunywa chai. Huku kwetu mtaa wa Nerima, kunakotengenezwa katuni za televisheni, kila mwanamuziki anamjua Kurihashi Misao, na siku hiyo kila mmoja alijua kilichomleta.

Ujana wake uliishia kwa Mwalimu Ebisawa. Mzee yule alisifiwa nchi nzima kwa nyimbo za katuni za maroboti, lakini nyingi alizitunga Misao, jikoni kwake, mtoto mgongoni. Siku alipoomba jina lake nalo lionekane kwenye skrini, mzee alicheka mbele yetu sote.

"Wewe ni mikono yangu tu, binti. Nani anaandika jina la mikono?"

Misao aliinama, akachukua koti, akaondoka. Akatungia matangazo ya sabuni, akatungia tamthilia za polisi, mwishowe akawa mteuzi wa muziki. Hapo ndipo penye rungu. Mtunzi wa katuni huandika vipande vyake kabla picha hazijakamilika. Mteuzi ndiye huamua kipi kiingie wapi. Mtunzi huja kujua siku ya kurushwa, kama mtazamaji mwingine yeyote.

Basi Ebisawa, kazeeka sasa, akapewa katuni ya mwisho. Na mteuzi ni nani? Misao.

Tulirekodi. Kipande cha mama anayemuaga mwanawe kwenye kituo cha treni kilikuwa kizuri hata mpiga selo wetu akafuta macho. Mzee akajikokota na mkongojo wake hadi kwa Misao.

"Bi Misao, hiki ndicho watakachonikumbukia. Kiweke pale kwenye kuagana. Nimewaita wajukuu waje watazame."

"Nimekusikia, Mwalimu."

"Umenisikia, au utakiweka?"

"Mikono haina mdomo, Mwalimu."

Mpiga selo akamkimbilia mlangoni. "Dada, usimfanyie hivyo. Kizuri mno kile!"

"Ndiyo maana. Kingekuwa kibovu ningekiweka asubuhi, mchana na jioni."

Jumapili jioni tulikusanyika na Misao kwenye mgahawa wa tambi, macho kwenye televisheni. Kile kipande kizuri kilisikika mapema, paka alipokuwa anaiba samaki. Kisha treni ikaondoka, mama akainua mkono, na muziki hakuna. Magurudumu tu, na upepo. Misao alikuwa anatabasamu kama mtu aliyeshiba.

Simu yake ikalia. Akaifungulia spika, akitaka sote tumsikie mzee akilia.

"Misao," alisema Ebisawa, sauti imetulia kabisa. "Pale kituoni umepatia. Muziki wangu ungeharibu. Wajukuu wote wamelia." Akakata.

Tabasamu likamtoka. "Mzee mshenzi," akasema. "Hata kimya hiki kanichukulia."

Mimi mpaka leo sijaamua. Wewe uliyesikia maneno yake, unaonaje: mzee alikuwa anatubu, au alikuwa anampiga pigo la mwisho?