Mshenga Wangu Alitoka Jeshi la Marekani

Posa yangu ilikataliwa saa tano asubuhi, hata chai haijapoa. Aliyeniponza ni mwanajeshi wa Marekani niliyemleta mimi mwenyewe.

Msicheke. Ngoja niwaeleze.

Naitwa Lusajo. Naishi Neasden, hapa London, na kazi yangu ni kusukuma wagonjwa hospitalini. Mtu akitolewa wodini kwenda kupigwa eksirei, mimi ndiye ninayesukuma kitanda. Ni kazi halali, ila siku zile nilikuwa naionea aibu. Hiyo aibu ndiyo iliyoniingiza matatani.

Nilikuwa na Haika. Mchaga wa Moshi, mpole wa sura, mkali wa maneno. Tulikuwa pamoja miaka miwili.

Baba yake yuko Moshi. Alisema mambo yote ya posa yamalizwe na mdogo wake anayeishi Harrow, Baba Mdogo Protas. Akikubali, tunaoana. Akikataa, basi. Haika aliniambia wazi, "Mimi sitoroshwi, Lusajo. Uje kwa mlango."

Sasa huyo Baba Mdogo ana ugonjwa mmoja tu. Vita vya Wamarekani.

Alistaafu udereva wa basi, na tangu hapo yeye na televisheni ni kitu kimoja. Anajua kikosi gani kilishuka wapi kwa parachuti, kamanda wake nani, na walikula nini siku hiyo. Siku ya kwanza namwamkia, alinijibu "marahaba" kisha akaniuliza vita vya Korea vilianza mwaka gani.

Sikujua.

Aliniangalia kama mtu aliyeuziwa simu mbovu.

Nikajisemea, hapa bila mshenga mzito sitoboi.

Nikamkumbuka Ambakisye, mtoto wa mama mkubwa, kaka yangu kabisa. Alibahatika kupata viza ya Marekani kwa bahati nasibu, akaingia jeshini huko huko, akapelekwa Afghanistan mwaka mzima. Siku hizi yuko kwenye kambi yao Ujerumani. Nikampigia, akakubali kuja.

Halafu nikampigia Baba Mdogo. Hapo ndipo mdomo uliponitangulia.

"Mshenga wangu ni komandoo, mzee. Afghanistan walipigana nyumba kwa nyumba."

"Nyumba kwa nyumba!"

"Mlango kwa mlango, mzee."

Nikasikia anahema.

"Mlete Jumamosi. Saa nne."

Ambakisye alitua Ijumaa. Jumamosi tukatoka, na tukiwa tunabadilisha treni Wembley Park nikamweleza cheo nilichompa.

"Komandoo?" akauliza.

"Kidogo tu, kaka."

"Lusajo, si unajua nilikuwa nafanya nini kule?"

"Najua. Ndiyo maana sikusema."

Hakukasirika. Bora angekasirika. Aliangalia dirishani mpaka Harrow, kisha akasema, "Mimi nitajibu nitakachoulizwa."

Tatizo la pili likawa muda. Saa nne ya Watanzania kwenye shughuli ni saa saba. Kila mtu anajua hivyo isipokuwa jeshi la Marekani. Saa nne kamili kaka akabonyeza kengele.

Mama Mdogo, mke wa Protas, alifungua mlango akiwa na kanga kifuani na kichwa kimejaa rola.

"Mmekuja kweli?" akasema, akatufungia mlango usoni.

Tulisimama nje dakika ishirini. Kaka alisimama wima muda wote.

Tulipoingizwa, Baba Mdogo alikuwa amevaa suti. Televisheni nyuma yake inaonyesha vifaru, sauti imezimwa. Marion, dada mkubwa wa Haika, akaleta chai na maandazi. Marion ni nesi, na kwa hesabu ya Haika alikuwa ameshawakataa wanaume watatu. Haika mwenyewe alikuwa jikoni nyuma ya mlango, kama inavyotakiwa.

Kwa wasiojua, siku ya posa mwoaji ni kama kabati. Yupo, anaonekana, ila hasemi. Anayesema ni mshenga.

Baba Mdogo hakuuliza ukoo wala dini. Alisogeza kiti mpaka magoti yao yakakaribia kugusana.

"Mwanangu, karibu sana. Hebu nieleze. Afghanistan ulikuwa kikosi gani?"

"Kampuni ya huduma, mzee."

"Huduma gani?"

"Nilikuwa nafua nguo za askari."

Nikafumba macho.

"Unafua?"

"Ndiyo, mzee. Tulikuwa na mashine nane kwenye trela. Mbili mbovu."

Baba Mdogo akanigeukia taratibu. Nikafungua mdomo nijitetee.

"Mwoaji hasemi!" Mama Mdogo akanikata.

Nikaufunga.

"Ina maana," Baba Mdogo akaendelea, na sauti ilishaanza kupanda, "umevuka bahari, umeenda vitani, kufua?"

"Mtu lazima afue, mzee. Vijana walikuwa wanarudi doria hawajavua viatu wiki tatu. Ukiwapokea hao nguo, na wewe umepigana."

Mama Mdogo akacheka mpaka rola moja ikadondoka kwenye sahani ya maandazi. Baba Mdogo hakucheka.

"Hukufyatua hata risasi moja?"

"Hata moja. Makombora yalikuwa yanaanguka kambini, tunalala chini, yakiisha tunaendelea kufua."

Nilijua nimekwisha. Nilichokuwa nasubiri ni kufukuzwa tu. Lakini kaka alikuwa hajamaliza.

"Kuna siku," akasema, "alikuja sajini mmoja wa kikosi cha mbele. Kaleta sare mbili. Moja yake, nyingine ya rafiki yake aliyefariki juzi yake. Vitu vya marehemu vilikuwa vinarudishwa kwao. Akaniambia, mama yake atafungua hili sanduku, sitaki aone doa."

Hakuna aliyegusa chai.

"Mashine haikutoa. Nikaifua kwa mkono, kama mama alivyonifundisha Tukuyu. Mara tatu. Sajini alikaa kwenye ndoo akinisubiri, na mimi nalia, na yeye analia, hatuongei. Ikatoka safi. Mzee, mimi nina medali, lakini kazi ninayoijua niliifanya vizuri kule ni ile."

Baba Mdogo akachukua rimoti, akazima televisheni. Haika aliniambia baadaye kwamba hajawahi kuiona imezimwa mchana.

Marion alikuwa bado kashika birika. Machozi yanamtoka na hayafuti.

Mzee akakohoa. Halafu, ingawa nilikuwa nimekaa hatua moja kutoka kwake, akamwambia kaka, "Mwambie mwenzako posa nimeikataa."

Kaka akanigeukia. "Lusajo, posa imekataliwa."

"Nimesikia."

"Mwoaji hasemi!"

"Mwambie sababu si kufua," mzee akaendelea. "Wewe ungekuwa unamposea mtu mwingine ningekubali sasa hivi. Mwambie nimemkataa kwa sababu ana ndugu kama wewe na akakuonea aibu. Kesho atamwonea aibu mwanangu."

Iliniuma kwa sababu ilikuwa kweli. Sikumdanganya mzee ili nimsifu kaka. Nilitaka jina lake kubwa linifiche mimi na vitanda vyangu.

Kwenye treni nikamwomba kaka msamaha. Akasema yameisha. Haika hakusema yameisha. Hakupokea simu yangu wiki tatu, na alipopokea aliniuliza kitu kimoja: "Uongo mwingine upo wapi?" Nikamwaga yote, hata shati nililomwambia nimelinunua kumbe la kuazima. Akasema ataniangalia kwanza.

Miezi minne ikapita. Siku moja kaka akanipigia kutoka Ujerumani.

"Mdogo wangu, nahitaji mshenga."

"Umepata mtu? Wapi?"

"Harrow."

Kumbe siku ile, mimi nikiwa chooni najionea huruma, Marion alimwomba namba. Tangu hapo simu kila jioni.

Basi nikarudi nyumba ile ile, kiti kile kile, safari hii mdomo wangu ni halali.

"Mwenzako anafanya kazi gani?" Baba Mdogo akauliza, kama hamjui.

"Mwanajeshi, mzee. Vitani alifua nguo, na sasa hivi ndiye anayewafundisha wengine."

"Na wewe?"

"Nasukuma vitanda hospitalini."

"Posa imekubaliwa," akasema.

Vigelegele. Kaka, ambaye hakuruhusiwa kusema, alikuwa anatokwa jasho kama yuko doria.

"Na ile nyingine?" Mama Mdogo akauliza.

"Ina mshenga?" akajibu mzee.

Posa yangu haikuwa naye. Mimi sikuweza kujiposea. Kaka akafungua mdomo, akakumbushwa kuwa na yeye ni mwoaji. Nikaona nafasi inapita hivi hivi.

Mlango wa jikoni ukafunguliwa. Haika akatoka, mikono ina unga.

"Nitasema mimi. Baba Mdogo, huyu alikuwa mwongo. Nimemkagua miezi minne, amepona. Namtaka."

"Una hakika?"

"Ningekuwa sina hakika ningebaki jikoni."

Mzee akacheka kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu.

Nilichojifunza ni hiki. Nilidhani watanikataa kwa udogo wa kazi yangu, kumbe walikuwa wanatafuta mtu atakayewaambia ukweli hata ukimwaibisha. Ukiwa na ndugu, mtambulishe kama alivyo. Wewe pia jitambulishe hivyo hivyo.

Tulifunga ndoa Novemba. Kaka na Marion walitutangulia Septemba, na kwa kuwa amemwoa dada mkubwa, sasa ni mkubwa wangu pande zote mbili. Ndiyo maana vyombo vya sikukuu naosha mimi.