Kikao Nilichokirithi kwa Baba

Nilipokuwa na umri wa miaka tisa nilikuwa katibu wa kikao. Baba yangu alikuwa balozi wa nyumba kumi katika mtaa wetu, mjini Tabora, na ingawa alijua kusema kuliko watu wote niliowafahamu, mkono wake ulikuwa mzito kwenye kalamu. Kwa hiyo kila Jumapili ya pili ya mwezi, majirani walipoketi uani kwetu juu ya mikeka na vigoda, mimi niliketi karibu na goti lake na daftari kubwa lenye jalada gumu, nikaandika waliohudhuria, waliotoa udhuru, na yatokanayo na kikao kilichopita.

Sehemu niliyoipenda ilikuwa ya mwisho, ambayo baba aliiita kujikosoa. Mtu alisimama akataja kosa lake mwenyewe kabla halijatajwa na mwingine. Mmoja alikuwa amekwepa zamu ya kuzibua mtaro. Mwingine alikuwa amemtukana mjumbe. Mama mmoja, jirani yetu wa nyumba ya tatu, alisema amechukua sukari mara mbili kwenye duka la ushirika, kwa jina lake na kwa jina la mama yake aliyekwisha kufariki. Mtu alipomaliza, baba aliuliza kama kuna mwenye neno. Kwa kawaida hakuwapo. Basi alisema, "Yameisha, ndugu, keti," na watu wakapiga makofi.

Makofi yale nimeishi nayo. Nilisoma chuo kikuu ili niende kufanya kazi katika shirika la umma, na nilipohitimu mashirika yalikuwa yanauzwa moja baada ya jingine; lile nililoliandikia barua ya maombi lilinijibu likiwa tayari lina jina jipya na mwenye mali. Neno ndugu, ambalo zamani lilitangulia jina la kila mtu, waziri na mfagizi, liliondoka taratibu bila mtu kulitangazia safari. Katika ofisi zilezile watu wakaanza kuitana bosi na mheshimiwa, na mimi nikawaita hivyo bila kushurutishwa. Baba alizeeka akiendelea kuwaamkia vijana wa mtaa kwa neno lake la zamani, nao wakimcheka wakiwa wamempa mgongo. Nilikuwa nikija likizo nawasikia. Sikuwahi kuwakemea. Nilikuwa nimeanza kazi ya hoteli, navaa sketi ya kupigwa pasi na viatu vya kisigino, na kwa kweli nilimwonea haya.

Labda ndiyo sababu, nilipofika Doha na hatimaye kupewa watu wa kuwasimamia, nilitaka kumlipa fadhila yake. Nasema labda. Inawezekana pia kwamba nilitaka tu kusifiwa.

Hoteli yetu iko mtaa wa Al Sadd. Wahudumu wa vyumba walio chini yangu ni ishirini na wawili, Watanzania, Wakenya na Waganda, na kila asubuhi, kabla ya kugawana matoroli, tunakutana kwa robo saa katika chumba cha kukunjia shuka, kando ya mashine za kufulia. Miaka miwili iliyopita makosa madogo yalikuwa yamezidi kwa sababu yalikuwa yanafichwa. Mtu alichana shuka akaisukuma chini ya rundo. Mwingine alivunja glasi akaazima ya chumba cha jirani, na jirani naye akaazima ya mbele yake, hadi mgeni wa mwisho wa ghorofa akakosa. Walificha kwa hofu. Nami nikakumbuka uani kwetu.

Alhamisi moja niliwaambia kwamba kuanzia siku hiyo, mara moja kwa wiki, anayetaka atasimama aseme kosa lake mbele ya wenzake, na kwamba litakalosemwa katika chumba kile halitaadhibiwa. Nikawaita ndugu. Mkenya mmoja, mcheshi wa kundi, akainua mkono.

"Sasa madam, hii ni kanisa ama ni korti?"

Wakacheka, nami nikacheka nao. Nikamjibu kwamba si kanisa wala si mahakama, ni nyumbani. Nililiamini jibu langu.

Na jambo lile lilifanikiwa. Wiki za kwanza walisimama wawili watatu, kwa aibu, wakipindapinda aproni. Baadaye ikawa kama mchezo, mtu akisimama wenzake wanamtania, kisha makofi. Shuka zilizochanika zikaanza kuletwa mezani kwangu. Meneja, ambaye hajui Kiswahili, alipita siku moja akasikia makofi akaniuliza siri yangu ni nini. Nikamweleza, akanisifu mbele ya wakuu wa idara. Nami kila Alhamisi niliandika muhtasari: tarehe, jina, kosa. Hakuna aliyenituma. Mkono wangu haujui kikao kisichoandikwa.

Nilionywa. Msimamizi wa kufulia nguo ni mwanamke wa rika langu kutoka Albania, na kwa kuwa mashine zake zinapakana na chumba chetu, alisikia makofi yetu kwa miezi mingi kabla ya kuuliza. Tulikuwa tunakunywa chai. Nilimsimulia kwa urefu habari za baba, za mikeka, za neno lile la mwisho lililomrudishia mtu heshima yake. Nilikuwa na hamu ya kumwambia, kwa sababu nilijua nchi yake nayo ilipita katika mambo ya namna hiyo, na kwa miaka mingi sikuwa nimepata mtu wa kukumbuka naye.

Alinisikiliza hadi mwisho. Kisha akaniambia kwamba mama yake alishona makoti katika kiwanda cha serikali, na kwamba siku moja, katika mkutano wa wafanyakazi, alisimama mwenyewe akakiri kuwa amekuwa akisikiliza nyimbo katika redio ya nchi ya jirani. Alipigiwa makofi. Baada ya miezi mitatu familia yote ilihamishiwa shamba la milimani, na huko ndiko yeye alikokulia hadi utawala ule ulipoanguka.

"Nani anaandika?" akaniuliza.

"Mimi."

"Basi acha kuandika."

Nilijisikia nimetukanwa. Nikamwambia kwamba kwetu hakukuwa hivyo, kwamba katika mtaa wetu hakuna aliyehamishwa wala kufungwa kwa maneno ya uani, kwamba sisi tulikuwa tunaitana ndugu. Akasema hata wao walikuwa na neno lao la kuitana. Akarudi kwenye mashine zake, nami kwa siku kadhaa nilimsalimu kwa ubaridi.

Ramadhani iliyopita, mhudumu mmoja wa ghorofa ya sita, mwanamke wa Tanga mwenye miaka kama thelathini na minne, alisimama siku ya Alhamisi. Alikuwa mtu wa haya, mchapakazi, aliyenisalimu shikamoo kila asubuhi hata pale wenzake walipotosheka na kutikisa kichwa. Alisema kwamba Jumanne, zamu ya mchana ikikaribia kuisha, kadi ya mwenzake wa ghorofa ileile, binti wa Kiganda, ilikataa kufungua milango. Kwenda kuibadilisha mapokezi kungemchelewesha yule binti hata muda wa kufuturu umkute bado ana vyumba vitatu. Basi akampa kadi yake, yeye akabaki na vyumba ambavyo vilikwisha kufunguliwa. Alijua ni mwiko. Kadi ile inafungua ghorofa nzima, na kila mmoja wetu ametia saini kwamba hataitoa mkononi mwake.

Nikauliza kama kuna mwenye neno. Hakuwapo. Nikasema, "Yameisha, ndugu, keti," akapigiwa makofi, nami nikaandika.

Siku mbili baadaye mgeni wa ghorofa ya sita alilalamika kwamba saa yake haionekani. Usalama wakaanza kuchunguza, na mkuu wa utumishi akaniita kuuliza kama idara yangu ina kumbukumbu zozote kuhusu matumizi ya kadi. Hapa ndipo ninapotamani niseme kwamba nilishurutishwa. Sikushurutishwa. Nilikwenda kwenye kabati langu nikalitoa daftari, nikalibeba kwa mikono miwili, nikaliweka mezani kwake. Nilifikiri litawatetea. Nilifikiri ataona jinsi watu wangu wasivyoficha kitu, kwamba mwanamke anayesema mwenyewe kosa kama lile, kabla mtu hajaliona, hawezi kuwa mwizi wa saa. Nililifungua mwenyewe penye ukurasa. Nilimtafsiria kwa Kiingereza mstari kwa mstari, nikitabasamu.

Saa ilionekana kesho yake ndani ya gari la mgeni. Haikusaidia kitu. Habari ya saa ilikuwa imekwisha, ila habari ya kadi ilikuwa ndiyo kwanza imeanza, na imeandikwa kwa mkono wa msimamizi.

Waliniita kwenye kikao cha nidhamu ili nitafsiri, kwa kuwa Kiingereza cha yule mwanamke ni cha salamu na majina ya vitu. Alikataa binti wa Kiganda kutajwa. Alisema kadi aliitoa yeye, kosa ni lake. Kisha akasema kwamba jambo hili alikwisha kulisema mbele ya watu, na mama alisema yameisha. Akanigeukia. Hakunitazama kwa lawama. Alinitazama kama mtu aliyekwisha kutoa hoja yake na sasa anamngojea shahidi.

Nilitafsiri. Nilitafsiri vizuri, kwa sarufi safi, kila neno alilosema: kwamba alikwisha kulisema mbele ya watu, na kwamba msimamizi alisema yameisha. Mkuu wa utumishi akaniuliza kama niliwahi kutoa ahadi yoyote kwa niaba ya hoteli. Nikajibu kwamba ule ulikuwa utaratibu wa kujenga moyo wa pamoja tu, usio na nguvu ya kiofisi. Jibu lile nalo nililijenga vizuri. Yule mwanamke hakulielewa, na hakuna aliyenitaka nimtafsirie.

Aliachishwa kazi. Siku za kungojea tiketi alikaa Al Rayyan, katika chumba cha mwanamke wa kwao anayefanya kazi za ndani. Nilimwendea Ijumaa baada ya sala ya adhuhuri, nikiwa na tende na kitenge, zawadi ambazo sasa hata kuzitaja kunanichoma. Alinipokea vizuri mno. Alinipa kiti kimoja kilichokuwapo, yeye akaketi kwenye ukingo wa kitanda, akaniuliza hali ya kazi, akaniuliza kama binti wa Kiganda amepata kadi nzuri. Ana watoto wawili kwa mama yake huko Tanga, na mkubwa alikuwa amechaguliwa kwenda shule ya bweni. Alilitaja hilo mara moja tu, kama anayetaja hali ya hewa.

Nikamwambia niliyokuja kuyasema. Kwamba daftari nililitoa mimi, bila kulazimishwa. Kwamba mle chumbani niliulizwa juu ya ahadi nikaikana, kwa lugha asiyoielewa. Nilisema nikiangalia sakafu. Nilipomaliza nilingoja, na najua nilichokuwa nakingoja.

Hakulia wala hakupandisha sauti. Alikaa akikunja ncha ya mtandio wake.

"Mama," alisema, "mbona mimi unaniambia hapa, tuko wawili? Langu nililisema mbele ya watu ishirini."

Kisha akainuka kunitilia maji.

Ndani ya gari, nikirudi, nilimkumbuka yule jirani wa sukari. Si makofi aliyopigiwa, bali yaliyofuata. Muhtasari wa baba ulikuwa ukipelekwa tawini kwa chama, na mwezi uliofuata jina la mama yule halikuwamo katika orodha ya duka. Binti yake, tuliyekaa naye dawati moja, alihamia dawati la nyuma. Sidhani kama nilikuwa nimelisahau jambo hili. Nililijua nilipokuwa nikijigamba mbele ya yule Mwalbania juu ya vikombe vya chai. Nilikuwa tu nimejizoeza kufunga kumbukumbu penye makofi. Mwandiko uliokwenda tawini ulikuwa wangu, na nilikuwa najivunia herufi zangu kubwa.

Alhamisi iliyofuata walikusanyika kama kawaida. Binti wa Kiganda alisimama karibu na mlango. Nilikuwa nimejiandaa, nilikuwa nimeyapanga maneno kwa Kiswahili chepesi ili kila mtu ayapate. Yule mwanamke alikuwa bado yuko Doha, tiketi yake ilikuwa ya Jumamosi, na kama ningesimama nikasema mbele yao kwamba niliahidi kisha nikakana, wangemfikishia habari kabla ya adhuhuri. Angeondoka nchini akijua kwamba limesemwa. Lilikuwa jambo moja tu nililoweza bado kumpa.

Meneja aliingia, akaegemea ukuta, akanipungia mkono niendelee.

Nikatangaza kwamba kwa sababu ya wingi wa wageni muda hautoshi, na kwamba vikao vya Alhamisi vimesitishwa. Nikawagawia matoroli. Walitoka mmoja mmoja, na yule Mkenya mcheshi, alipopita mbele yangu, aliangalia pembeni kama mtu anayempisha mwenzake anayevaa nguo.

Jumamosi nilikuwa zamu. Ndege za kwenda nyumbani huondoka alasiri, na kuanzia saa tisa sikuweza kufanya kazi ya maana. Nilihesabu taulo ambazo zilikwisha kuhesabiwa. Yule Mwalbania alinikuta pale, akachukua upande wa pili wa shuka niliyokuwa nayo, tukaikunja. Nilitaka kumwambia. Lakini ingekuwa tena tuko wawili tu, na nilijua kwamba angenielewa, hivyo sikumwambia, nikachukua shuka nyingine.