Visiki vya Mashoto

Mume wangu alijifunza ndege kwenye karatasi nilizomtolea mimi mwenyewe, kwa hiyo sehemu ya lawama naibeba. Nina duka la fotokopi: mashine moja, kaunta ya mbao iliyopinda katikati, na feni inayopeperusha vyeti vya watu hadi mlangoni. Wiki ile wino wa rangi ulikuwa umeniishia. Kitabu cha wanyama wa mikokoni kilikuwa cha kuazima na kilitakiwa kurudi siku ileile, basi nikakitoa chote kwa nyeusi na nyeupe, nikabana karatasi kwa pini, nikamwambia haya, soma. Akasoma kweli, mpaka mezani. Tatizo ni kwamba yangeyange, ndege mweupe pepepe, alitoka kama karatasi tupu yenye mdomo, na mdiria mwenye mgongo wa buluu alitoka kama doa la wino.

Alikuwa na sababu ya kusoma hivyo. Ghala alilolinda kwa miaka kumi na moja lilikuwa limefungwa, na kwa miezi minane alikuwa nyumbani akihamisha vitu. Nikirudi kazini nakuta chumvi iko kabati la nguo, eti ndiko kukavu. Sufuria zinaning'inia nyuma ya mlango wa chumbani, ukiufungua usiku unadhani umevamiwa. Nampenda, lakini nilikuwa nimefika hapa, shingoni. Ndipo tukasikia kwamba kikundi cha kina mama waliopanda mikoko kimepata kayaki, vile vimitumbwi vyembamba vya plastiki vya watu wawili, na kinatafuta mtu wa kutembeza wageni kuwaonyesha ndege na wanyama.

Mtihani wao ulikuwa rahisi kuueleza. Unampakia mwanachama mmoja kama mgeni, unamwonyesha viumbe sita walioandikwa kwenye orodha, unamrudisha kabla maji hayajapwa. Wawili walikuwa wameshashindwa. Mmoja alikwama kwenye tope na katibu wa kikundi, wakakaa wanatazamana mpaka maji yalipojaa tena, na nasikia katibu hajamsalimia hadi leo. Mume wangu aliwaambia watu wote mtaani kwamba ule msitu anaujua kama mfuko wa suruali yake. Nikaanza kumwita Ramani. Alilipenda jina hilo, maskini, hakujua kama namtania.

Kura ikapigwa nani awe mgeni wake. Ikamwangukia mama yangu.

Sasa hapa lazima niseme jambo ambalo nilikuwa sijamwambia mtu. Ramani aliujua msitu ule kwa sababu aliukata. Kabla hatujaoana, kwa miaka mitatu, alikuwa akiingia na shoka na kutoka na boriti za kujengea, na kukata kulikuwa kumeshapigwa marufuku. Yeye ni wa mkono wa kushoto. Mti uliokatwa na mtu wa kushoto, kisiki chake kinalala upande ambao vingine havilali, na kina ncha. Mama na wenzake walipoanza kupanda walikuwa wakijikwaa kwenye visiki hivyo kila siku. Kimoja kilimchana mama mguu kutoka kwenye goti hadi karibu na kifundo, na kovu analo. Wakampa mkataji jina: Mashoto. Hakuna aliyemjua, lakini kila mtu alimlaani.

Mama akija kwangu, akinyoosha mguu wake kwenye kochi, lazima Mashoto atajwe. Na mume wangu amekaa pale, anammiminia mama mkwe wake chai kwa mkono wa kulia. Miaka kumi na moja amefanya kila kitu kwa mkono wa kulia mbele ya mama, na miaka kumi na moja chai imemwagika. Mama aliamini mkwe wake anatetemeka mikono. Aliwahi kunivuta jikoni kuniuliza kwa sauti ya chini kama anakunywa. Nilimwambia hapana, ni uchovu wa lindo, nikarudi sebuleni na kitambaa kupangusa meza.

Kwa hiyo asubuhi ile nilikuwa sijui hata niombe nini. Akiijua njia vizuri mno, mama atamuuliza umeijuaje. Asipoijua, kazi hana, na chumvi yangu itahamia chini ya mto. Niliwaona wanaondoka. Mama mbele, koti la kuokolea maisha limembana hadi kidevuni, mkoba wake mapajani kwa sababu alikataa katakata kuuacha. Ramani nyuma, kafi mkononi, karatasi zangu ndani ya mfuko wa plastiki. Yaliyofuata nimesimuliwa na wote wawili mara nyingi, na kwa mara ya kwanza katika maisha yao masimulizi yao yanafanana.

Ndege wa kwanza alikuwa yangeyange, kasimama kwenye mzizi hatua tano tu kutoka kwao. Mama akauliza yule mweupe ni nani. Ramani akafungua mfuko, akapekua, akatazama ndege, akatazama karatasi, akapekua tena. Alikuwa akitafuta ndege mweupe kwenye karatasi nyeupe. Mwishowe akajibu kwa heshima zote kwamba huyo hayumo. Mama akauliza hayumo wapi, maana amesimama pale. Baada ya hapo mdiria akapita akiwaka buluu, na Ramani akamwambia mama huyo lazima awe mgeni kutoka mbali, kwa kuwa wa hapa ni weusi. Mama alianza kujiuliza kama ni yeye ndiye asiyeona sawasawa. Alivua miwani yake, akaifuta, akaivaa tena.

Kaa walimjua. Kaa anajulikana hata akiwa kwenye fotokopi.

Njia ndiyo iliyomvuruga kabisa. Msitu aliokuwa nao kichwani ulikuwa na uwazi, mbingu juu, visiki vimejipanga ukingoni, ukiona kile kinene unakata kulia. Huu ulikuwa umefunga. Matawi yamekutana juu, mizizi imeshuka majini kila upande, na pale alipokumbuka mlango mmoja wa maji palikuwa na mitatu, yote sawa. Akachagua wa kushoto. Wakapita penye kandambili nyekundu iliyonasa kwenye mzizi. Wakazunguka, wakakata, wakanyoosha, wakaipita kandambili nyekundu. Ramani akageuza kayaki kwa uhakika wote, akachukua mlango wa kati, akapiga kafi kwa bidii hadi jasho likamwingia machoni.

Mama akasema, "Mkwe wangu, hiyo kandambili tumeshaisalimia mara tatu."

Akamjibu kwamba baharini kandambili ni nyingi. Lakini moyoni alikuwa ameshachanganyikiwa, na kitu kimoja tu kilikuwa kikimpa matumaini: mama ndiye aliyeupanda msitu huu, akizidiwa atamuuliza yeye. Akamuuliza kwa kuzunguka, kama vile anampima, hapa mama unapakumbuka? Mama naye akakiri kwamba hapakumbuki hata kidogo. Yeye siku zote aliingia kwa miguu, maji yakiwa yametoka, kutokea upande wa barabara, anahesabu mistari ya miche. Hajawahi kuuona msitu wake akiwa juu ya maji. Yeye alikuwa amekaa kimya muda wote huo akiamini kwamba mzunguko wa kandambili ni sehemu ya matembezi.

Maji yalikuwa yameanza kuondoka. Mizizi ilionyesha alama ya unyevu, upana wa vidole viwili, kisha kiganja. Walichokuwa nacho ni nusu saa, labda pungufu, kabla ya tope.

Ndipo kayaki ikagonga kitu chini. Ramani akaingiza mkono majini, wa kushoto, bila kufikiri. Akapapasa. Kilikuwa kisiki, kimechongoka, kimelala upande wake. Anasema vidole vilikijua kabla hajakijua yeye. Na mara moja akajua njia ilipo, kwa sababu enzi zile alikata kwa wizi, na kila mti aliukata akiwa ameipa mgongo njia ya kutokea, ili akiitwa akimbie. Aliyekikata kisiki ndiye pekee anayejua alisimama wapi.

Angeweza kunyamaza. Alijaribu. Akageuza kayaki, akaenda hatua kadhaa, akapapasa kingine, akanyoosha, akapapasa cha tatu. Maji yakishuka, vichwa vya visiki vikawa vinatokeza, na mama aliyekaa mbele akaviona kabla ya kayaki kuvifikia. Akavitambua papo hapo. Akasema hivi ni vya yule mwanaharamu Mashoto, na akamuuliza mkwe wake amejuaje kwamba vinaelekea nje.

Ramani akaacha kupiga kafi. Kayaki ikaendelea yenyewe kidogo, ikasimama.

"Mama, Mashoto ni mimi."

"Wewe unatumia kulia."

"Natumia kulia mbele yako."

Mama anasema hapo akili yake ilisimama. Alimwona mtu mmoja wa miaka kumi na nne ya laana, na mtu mwingine anayemmwagia chai kwa adabu, na hakuweza kuwaweka wote kwenye nafasi moja nyuma yake. Hakuweza hata kugeuka kumtazama, koti lilikuwa limembana. Alishika mkoba wake tu. Ramani alingoja matusi, alitamani yaje. Hayakuja.

Mama akanyoosha kidole kwenye mti mkubwa uliosimama ubavuni mwa kisiki kilekile. Akasema ule aliupanda yeye. Na ule mwingine pale mbele, aliupanda pia. Kila kisiki cha Mashoto alikipandia mche pembeni, kwa sababu kisiki kinavunja wimbi na mche mchanga haung'oki. Alisema hayo kwa sauti ya mtu anayesoma orodha, kisha akamwambia apige kafi, maji yanaondoka. Wakatoka hivyo, yeye anaita mti, Ramani anapapasa kisiki, na hatua za mwisho walizimaliza kwa miguu, tope hadi gotini, mkoba wa mama kichwani.

Nilikuwa nimefunga duka nikawangoja na kina mama wengine. Niliwaona wanakuja bila kutazamana. Mwenyekiti akauliza matokeo. Mama akajibu kwamba katika sita ameonyeshwa kaa tu, na kwamba mengine mkwe wake atayasema mwenyewe. Akayasema, amesimama palepale topeni, kafi bado mkononi. Mmoja wa kina mama akapandisha gauni lake kidogo, akamwonyesha kovu lake. Mwingine alitaka aondoke na asikanyage tena. Wakabishana hadi miguu ikamkauka tope. Mwishowe wakaamua apande nao miche msimu mzima, ndipo wamfikirie. Alipanda misimu miwili. Sasa anatembeza wageni, na karatasi anazotumia nimemtolea kwa rangi. Kama wamemsamehe sijui. Wanamwita Mashoto, mbele ya wageni, na anaitika.

Lakini mimi kinachonirudia ni jioni ya siku ile. Mama alikuja kwetu, akaoga, akavaa kanga yangu, akakaa kwenye kochi na kunyoosha mguu kama kawaida. Hakumtaja mtu. Nilileta chai, nikaiweka, nikasimama karibu kwa sababu sikujua ni nyumba ya amani au ya vita. Mama akamwambia mkwe wake amimine.

Akaishika birika kwa mkono wa kulia, kwa mazoea. Mama akamtazama tu, mpaka akaelewa. Akaihamishia kushoto. Akamimina kikombe hadi ukingoni, taratibu, na halikudondoka hata tone moja. Mama akanywa, akakiweka kikombe chini, ndipo akanigeukia mimi.

"Na wewe," akasema, "miaka kumi na moja unapangusa meza tu."

Kitambaa nilikuwa nimeshakishika. Meza ilikuwa kavu, na sikujua nikiweke wapi.