Koti la Mkandarasi

Kwa miaka kumi na tisa Mama Pasi alikuwa akitia mikono mifukoni mwa watu, na hakuna aliyewahi kumwita mwizi. Ndiyo kazi ya dobi. Kabla nguo haijaonja maji lazima ipekuliwe, maana kalamu moja ikivuja ndani ya mashine mashati thelathini yamekwisha. Alishatoa humo funguo, vidonge vya presha, barua za mapenzi ambazo hazikutoka kwa mke, na siku moja meno ya bandia, ambayo mwenyewe alikuja kuyadai huku ameziba mdomo kwa leso. Kila alichokitoa alikitia kwenye bahasha, akaandika namba ya stakabadhi, akanyamaza. "Mama Pasi hana mdomo," wateja walisema, naye akalipokea neno hilo kama sifa.

Jina alilipata enzi za pasi ya mkaa, alipokuwa akizipiga pasi nguo za majirani kwenye kibaraza cha chumba cha kupanga, mjane wa miaka thelathini na moja. Sasa alikuwa na duka la udobi lenye kaunta mbele, chumba cha mashine nyuma, na wafanyakazi watatu: wanaume wawili wa mashine, na wifi yake, mke wa kaka yake, aliyekuwa na mwezi mmoja tu kazini. Duka lilisimama kwa ovaroli. Mkandarasi mmoja wa majengo alikuwa akileta ovaroli za vibarua wake kila wiki, magunia kwa magunia, pamoja na suti zake mwenyewe. Ovaroli zikiondoka, wawili kati ya watatu wangeenda nyumbani. Hilo kila mtu pale dukani alilijua.

Wifi alikuwa mwepesi wa kujifunza. Mama Pasi mwenyewe ndiye aliyemfundisha kupekua. "Usiguseguse kwa juu kama unaogopa kuumwa," alimwambia. "Ingiza mkono wote mpaka kwenye mshono."

Basi Jumanne moja, saa tatu asubuhi, wifi akachukua koti la kijivu la Mkandarasi, akaingiza mkono wote mpaka kwenye mshono wa mfuko wa ndani. Mkono ukatoka na bastola.

Hakupiga kelele. Pengine hata hakuelewa ameshika nini. Aligeuka tu, kama alivyozoea kugeuka na kalamu au kitambaa, akauliza, "Wifi, hii nayo tunaitia kwenye bahasha?" Mdomo wa bastola ulikuwa unatazama tumbo la Mama Pasi, na kidole cha wifi kilikuwa mahali ambapo kidole cha mtu yeyote huenda chenyewe anaposhika kitu cha namna ile.

"Usinigeukie," Mama Pasi akasema. Sauti yake mwenyewe aliisikia kama inatoka chumba cha pili. "Elekeza ukutani. Toa kidole. Sasa iweke mezani, polepole. Rudi nyuma."

Wifi aliiweka. Ndipo akaketi juu ya gunia la ovaroli.

Mama Pasi akawatoa wote, akafunga chumba cha mashine kwa ufunguo na kuutia kifuani. Kisha akafanya alichozoea: akampigia Mkandarasi.

"Aa, kumbe iko huko!" Mkandarasi alicheka. "Nimeitafuta tangu jana. Dada, wewe ni mwokozi wangu. Namtuma dereva sasa hivi."

Tangu jana! Mtu amepoteza bastola tangu jana, na amelala, ameamka, amekunywa chai. Angepoteza simu angegeuza mji juu chini.

Dereva alifika akipiga mluzi, akaegemea kaunta. "Mama Pasi, za kazi? Bosi kanituma kale kamzigo kake."

"Leseni ni yako?"

"Leseni ya udereva?"

"Ya bastola."

Dereva akacheka. "Mama, mimi hata manati sina. Nipe tu niende, bosi yuko saiti anasubiri."

"Kama leseni si yako, sikupi."

"Ah, mama! Leo umeamkia upande gani? Mbona mara ile ulinipa?"

Hakuwa na ubaya wowote, yule dereva. Alisema kweli tupu. Maana hii ilikuwa mara ya tatu bastola ile kukutwa kwenye nguo za Mkandarasi. Mara ya kwanza aliiviringisha kwenye taulo, akamkabidhi Mkandarasi chini ya kaunta, na alipoitwa mtu wa kuaminika alitembea siku nzima kifua mbele. Mara ya pili alimpa huyu huyu dereva, kwenye mfuko wa plastiki, kama mtu anayetuma nyanya. Hakumwambia mtu. Na baada ya hapo akamchukua mke wa kaka yake, akamsimamisha mbele ya makoti ya mwanamume yule yule, akamwambia aingize mkono wote.

Hasira ilimpanda kutoka kwenye visigino. Hakujua amalizie kwa nani, ila alijua aanzie wapi. Akainua simu mbele ya macho ya dereva, akapiga kituo cha polisi.

Mkandarasi alifika kabla ya polisi, viatu vyake vikiwa bado na simenti. Mwanzoni alikuja na tabasamu.

"Mama Pasi, dada yangu, tumefikia kuitiana polisi? Kwa kijichuma kile?"

"Kijichuma kile kimemwelekea mtu tumboni asubuhi hii. Mtu huyo ni mimi."

"Kina kifungo cha usalama. Hakiwezi kujifyatua chenyewe."

"Na mkono wa wifi yangu una kifungo cha usalama?"

"Basi aliyeichezea ni yeye. Ningejuaje kama mtaweka watu wasiojua kitu?"

"Hakuichezea! Alikuwa kazini! Wewe ndiye uliyemletea kwenye koti!" Watu wawili waliokuwa wakipita nje wakasimama. Mama Pasi hakuwajali. "Hebu niambie. Nyumbani kwako huna kasha la kufungia?"

"Ninalo. La chuma, limefungwa ukutani kwa boliti."

"Ndani umeweka nini?"

Mkandarasi akasita. "Hati za nyumba. Vitu vya mke wangu."

"Karatasi umezifungia kwa chuma na boliti, bastola umeileta kwa dobi! Koti alilitoa nani chumbani? Msichana wako wa kazi. Nani akalitia kwenye gari? Dereva. Nani akalipokea? Sisi. Wote hao wameibeba bila kujua wamebeba nini. Leseni walikupa wewe peke yako, bwana, hawakuupa mtaa mzima."

Tabasamu likaondoka. "Sikiliza, mama. Polisi wakija, waambie uliikuta imefungwa vizuri kwenye mkoba wake. Neno moja tu. La sivyo, ovaroli zangu leo hii nazipeleka kwingine, tuone hawa wako utawalisha nini."

Wanaume wa mashine walisikia. Mmoja akatazama sakafu, mwingine akamtazama Mama Pasi.

"Pakia," Mama Pasi akasema. "Dereva wako yupo, gari lipo. Pakia."

Aliyekuja kutoka kituoni alikuwa ofisa mwanamke, mtu wa maneno machache. Aliingia chumba cha mashine peke yake, akatoka na bastola mkono mmoja na magazini ya risasi mkono mwingine. "Ilikuwa imejaa," alisema. "Na risasi moja ilikuwa tayari kwenye chemba, ikingoja kufyatuliwa. Kifungo cha usalama hakikuwekwa." Akamtazama Mkandarasi, naye ghafla akaona kitu cha kusafisha kwenye kiatu chake. "Nipe leseni yako. Utaikuta kituoni, na wewe nitakukuta huko huko." Kisha akafungua daftari, akamgeukia Mama Pasi. "Ni mara ya kwanza?"

Hapo angeweza kusema ndiyo. Dereva asingempinga, alikuwa ametolea macho mlango.

"Ya tatu."

"Mara mbili za kwanza ulimwambia nani?"

"Sikumwambia mtu. Ya pili nilimpa dereva."

"Hata hilo nitaliandika."

"Liandike."

"Anajiharibia mwenyewe!" Mkandarasi akafoka. Ofisa akaendelea kuandika.

Waliondoka, na magunia ya ovaroli yakaondoka nao, mengine yakiwa bado yana maji. Wifi alikuwa amesimama karibu na kaunta, amejishika mikono, na Mama Pasi akamsogelea amkumbatie.

"Usinishike," wifi akasema. "Mara ya tatu?"

"Wifi..."

"Ulijua. Ulijua mtu yule anaachaacha bastola mifukoni, ukaniambia niingize mkono. Ningekuua, ningefungwa mimi. Wanangu wangeambiwa mama yao kamuua shangazi yao. Kwa sababu ya ovaroli!"

"Nilijua," Mama Pasi akasema. Alitafuta neno la kuongeza, la kuomba, la kueleza jinsi mjane anavyoogopa kupoteza mteja. Maneno hayo alikuwa nayo tele, na yote yalimnukia vibaya mdomoni.

Wifi alifuta uso kwa kiganja. Macho yake yalikuwa makavu na makali.

"Wako wangapi?"

"Wangapi nini?"

"Wateja wa namna yake. Usinifiche tena, wifi. Miaka kumi na tisa unapekua watu. Wako wangapi?"

Mama Pasi akahesabu kwa vidole. "Wawili wengine. Yule wa duka la vipuri, na daktari wa meno."

Wifi akaburuta simu juu ya kaunta mpaka ikamgonga Mama Pasi vidoleni.

"Piga. Nasikiliza."

Simu ililia mara nne. "Daktari, hapa ni kwa dobi," Mama Pasi akasema, na safari hii sauti ilitoka kwenye kifua chake mwenyewe. "Hapana, suti bado. Nina neno na wewe, na sitalisema kwa upole."