Kidole Changu Kimo Katika Senema ya Marehemu Mume Wangu

Bwana Mhariri, ahsante kwa kulificha jina langu. Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na minne, mkazi wa Dunda, Bagamoyo, na nimo edani. Marehemu mume wangu alikuwa fundi wa kushona makubazi ya ngozi. Kila alipotaka kutunga uzi aliulowesha kwanza mdomoni, kisha akafumba jicho moja.

Alikuja bwana mmoja wa senema kutoka Dar es Salaam, akasema anapiga picha za watu wa kawaida na taabu zao za kila siku. Siku saba alikaa barazani kwetu na mashine yake ya picha, akituambia, "Shemeji, msinitazame. Fanyeni kama sipo."

Kifua kilikuwa kimeanza kumbana mume wangu, nami nilidhani ni uvivu. Siku moja sindano ilimponyoka, ikaangukia miguuni pa yule bwana. "Niokotee, ndugu yangu," akamwomba. Yule bwana akaendelea kupiga picha tu. Mume wangu akainua uso, akacheka: "Ama kweli huyu hayupo!"

Nikatoka ndani na hasira zangu, nikamnyooshea kidole. "Unacheka? Makubazi ya watu yamelala hapa tangu juzi!" Mume wangu aliinama kwa shida, akaiokota mwenyewe. Wiki tano baadaye tukamzika.

Sasa senema iko tayari, itaonyeshwa kiwanjani wiki mbili zijazo. Yule bwana alikuja kutupa pole. Yeye alikaa nje, mimi nyuma ya pazia na mama mkwe. Nikamsihi anitoe katika senema.

"Senema haina sauti, shemeji," akasema. "Lakini kidole chako kimepita mbele ya uso wake anapocheka. Nikikata kidole, cheko nalo linakwenda. Kwingine kote ameinamia kazi. Neno ni lako."

Mama mkwe akadakia, "Aache! Nataka nimwone mwanangu. Kidole nani alikunyooshea, si wewe mwenyewe?"

Nimechoka, wasomaji. Bwana yule, mtu mzima, kushindwa kuokota sindano, halafu leo anishikishe mimi mkasi! Mume wangu hakuacha picha hata moja. Nikisema akate, namnyima mama uso wa mwanawe. Nikisema aache, Dunda nzima itaniona nikimsimanga mgonjwa, nami sitaliona hata hilo cheko, maana eda yangu haijesha na kiwanjani siendi.

Yule bwana anangoja. Ndugu zangu, nimpelekee jibu gani?