Saponifikasio Iko Ndani ya Gari

Mwalimu wetu wa kemia hakuwahi kumaliza kuniambia saponifikasio ni nini. Simlaumu. Alikuwa ameliandika neno hilo ubaoni kwa chaki, akaweka nukta mbili mbele yake, akageuka kuona nani anasinzia. Wakati huohuo mkuu wa shule akaingia na kusema kila mtu aende nyumbani kwao, kama bado kuna nyumbani. Lava ilikuwa inashuka mjini Goma. Siku iliyofuata shule yetu ilikuwa jiwe jeusi linalofuka moshi, na ubao ulikuwa humo ndani.

Tulimaliza mwaka kwenye shule ya kuazima, tukiwa watatu kwenye dawati moja, na mwalimu akarukia sura nyingine. Katika mtihani wa taifa swali hilo halikutoka. Nikapata diploma yangu ya biolojia na kemia nikiwa na shimo hilo kichwani, na kwa zaidi ya miaka ishirini halikunisumbua. Nilikaa Kisangani, nikakaa Bujumbura, Kampala, Kalemie. Niliuza vipuri vya pikipiki, nikaandikia watu barua za kuomba kazi, nikalinda ghala la saruji. Kila mahali niliikumbuka Goma mpaka chakula kikawa hakishuki. Nikirudi Goma, nilikuwa nazikumbuka mvua za Kisangani. Hakuna mtu aliyeniuliza habari za saponifikasio.

Nilirudi tena nikiwa na miaka arobaini na mitatu, nikapanga chumba mtaa wa Ndosho. Karibu na hapo kulikuwa na mwanamke mshonaji. Nilimpelekea suruali aikate. Wiki iliyofuata nikampelekea nyingine. Nilipofika na ya tatu aliinua macho kutoka kwenye cherehani.

"Papa, suruali zako zote ni ndefu namna gani? Ulizinunua ukiwa na miguu mingine?"

Nilikuwa nimeshaamua kumuoa nilipojua kwamba baba yake ni yule mwalimu wa kemia. Alikuwa amestaafu, anakaa Keshero, na alinikumbuka vizuri.

"Nilimufundisha," alimwambia binti yake. "Ni mutu wa kuanza. Kumaliza sijamuona."

Hofu yake ilikuwa hiyo tu. Hakujali kwamba sina nyumba wala kwamba nina mvi. Alisema mtu asiyekaa hawezi kupewa mtoto wa watu. Na hakuwa mtu wa vitisho vya bure. Mchumba mwingine, wa binti yake mkubwa, alikuwa amekataliwa siku yenyewe ya mahari, mbele ya wageni wote, akarudi kwao na mbuzi wake wakilia barabara nzima. Kwa hiyo nilijua kwamba siku yangu ingeweza kwisha hivyohivyo.

Sasa lazima nieleze desturi, maana bila hiyo mtu atadhani sote tulikuwa wagonjwa. Siku ya mahari bwana harusi hasemi neno. Anakaa ameinamisha kichwa, na akifungua mdomo familia yake inalipa amandi, yaani faini, nayo ni kreti moja ya bia. Baba wa msichana naye hasemi. Ana haki ya kumnong'oneza msemaji wake, basi. Wasemaji wawili ndio wanaozungumza, mmoja kila upande, na msemaji mzuri hasemi kamwe "hatuna" wala "hatujui". Akisema hivyo, familia yake imeaibika.

Msemaji wetu alikuwa mjomba wangu, fundi wa mota za boti kule Kituku. Alikuwa amesimamia mahari nyingi na hakuwahi kushindwa, kwa sababu ya mbinu moja. Kila mara alificha kitu kimoja ndani ya gari, kitu ambacho hakimo kwenye orodha. Wakibanwa, alisema kilichotakiwa kimo garini, kisha akaleta hicho alichokificha kwa maneno matamu mpaka wenyeji wakasahau walitaka nini. Siku hiyo alikuwa ameficha bidoni ya mafuta ya mawese, lita ishirini.

Upande wa pili msemaji alikuwa baba mdogo wa msichana, mfugaji kutoka Masisi, mtu mrefu aliyevaa kofia hata ndani ya nyumba. Sebule ilikuwa imepakwa rangi mpya kwa ajili yetu, harufu yake ilipanda kichwani. Tulikuwa kama watu arobaini. Mwalimu alikaa kwenye kiti cha pembeni, miguu pamoja, kama anayesimamia mtihani.

Mambo yalikwenda vizuri. Mbuzi walionekana. Jembe likaonekana. Koti la baba likaonekana, vitenge vya mama, blanketi la bibi. Kila kitu kilipokelewa kwa makofi. Halafu mwalimu akatoa karatasi mfukoni, akampa ndugu yake. Baba mdogo akaisogeza mbali na macho, akaisoma polepole.

"Ndugu musemaji, iko kitu kimoja kimebaki. Muzee anaomba saponifikasio. Maana yake na matumizi yake."

Nilijua mara moja kwamba lile lilikuwa swali, tena lilikuwa langu. Lakini mjomba aliliona kama alivyoona mengine yote, mstari kwenye orodha baada ya blanketi. Hakusita hata kidogo.

"Saponifikasio iko," alisema. "Iko ndani ya gari."

Watu wakapiga makofi.

"Na maana yake?" aliuliza baba mdogo, ambaye naye, niliona wazi, hakujua lolote.

"Maana yake iko. Matumizi yake iko. Vyote tumeleta. Sisi si watu wa kuleta nusu."

"Ni moja?"

Mjomba alinitupia jicho. Nilitikisa kichwa. Akaelewa kwamba moja haitoshi.

"Ni mbili," alisema.

Kufikia hapo shangazi wa msichana, waliokuwa wamekaa kwenye mkeka, walianza kunong'ona. Mmoja akapaza sauti. "Kama ni mbili, moja ya baba, moja ya mama. Na sisi tuliomubeba mugongoni? Sisi hatusaponifiki?"

"Shangazi wana haki," alisema baba mdogo kwa ukali. "Kwetu Masisi, saponifikasio ya shangazi haisahauliwi."

"Hata kwetu haisahauliwi," alisema mjomba. "Ile ya shangazi tutaileta siku ya harusi. Ni kubwa kuliko hii. Inahitaji watu wanne kuibeba."

Nilimtazama mwalimu. Mishipa ya shingo ilikuwa imemsimama. Alikuwa amefundisha miaka thelathini na tano, na sasa alikuwa amefungwa mdomo na mila za baba zake huku watu wawili waliosimama wakigawana saponifikasio kama nyama. Alimvuta ndugu yake kwa kola, akamnong'oneza kwa muda mrefu. Baba mdogo alinyooka, uso umechanganyikiwa.

"Muzee anasema si kitu cha kubeba."

"Tunajua," alisema mjomba. "Ndiyo maana tulikuja na gari."

Akamtuma yaya yangu, dada yetu mkubwa, aende kuileta. Yaya anauza viazi sokoni na hajawahi kuuliza swali mbele ya wateja. Alitoka akijua kwamba garini kuna kitu kimoja tu, akarudi na bidoni ya mawese kichwani, imefungwa utepe mwekundu. Akapiga magoti nayo mbele ya mwalimu.

"Saponifikasio hiyo hapo," alisema mjomba.

Vigelegele vilitikisa vioo vya madirisha. Baba mdogo alifungua kifuniko, akanusa, akafunga kwa heshima. Mimi nilikuwa ninatafuta njia ya kutoka mlangoni bila kuwakanyaga shangazi.

Lakini uso wa mwalimu ulibadilika. Aliitazama ile bidoni kama mtu aliyesahihisha karatasi mia moja za upuuzi na katika ya mia na moja akakuta nusu ya jibu. Akamnong'oneza tena ndugu yake.

"Muzee anasema mafuta ni sawa. Anasema ni kweli, inaanzia hapo. Lakini anasema kimebaki kitu cha pili. Bila hicho, mafuta ni mafuta tu. Anauliza, hicho cha pili ni nini?"

Mjomba akafungua mdomo. Na kwa mara ya kwanza katika maisha yake ya usemaji, gari lilikuwa tupu.

"Soda kostiki," nilisema mimi.

Halafu kelele. "Bwana harusi amesema! Amandi! Kreti!" Mjomba alinigeukia kwa macho ya mtu aliyechomwa kisu na mtoto wa dada yake. Nilijua jibu kwa sababu ya Kalemie, ambako nyuma ya ghala la saruji wanawake walipika sabuni kwenye mapipa, na kila siku niliwaona wakimimina soda kwenye mawese ya moto, nyuso wamezigeuza pembeni. Hakuna aliyeniambia kwamba ndiyo hiyo. Niliunganisha pale pale, nikiwa na tai shingoni.

Mwalimu alisimama. Hakumnong'oneza mtu tena.

"Na ikishakuwa sabuni," aliniuliza moja kwa moja, "inaweza kurudi kuwa mafuta?"

"Amandi!" alilia mjomba kwa furaha. "Baba amesema! Kreti kwa kreti, tumelingana!"

Hakuna aliyemsikiliza. Mwalimu alikuwa ananitazama mimi, na hakuwa anauliza habari za mafuta peke yake, hilo hata shangazi waliliona. Nilitafuta jibu. Ningeweza kubahatisha, nusu kwa nusu. Lakini nilikuwa nimebahatisha miji mingi sana.

"Sijui, mwalimu," nilisema. "Uliishia kwenye nukta mbili."

Neno "sijui" halikuwa limewahi kusikika kwenye mahari. Mjomba alikaa chini kama mota iliyokosa petroli. Mwalimu alisimama pale, midomo ikitembea. Nadhani alikuwa anautafuta ubao. Kisha akatoka, akarudi na kipande cha mkaa kutoka jikoni, akaenda kwenye ukuta uliopakwa rangi mpya.

"Ukuta wangu!" alisema mama wa msichana.

"Nusu saa," alisema mwalimu.

Ilikuwa saa nzima na robo. Alianza pale pale alipoishia, bila utangulizi, kama ambaye alitoka mara moja tu kwenda kunywa maji. Mafuta, alisema, ni kitu cha aina inayoitwa esta. Besi kali, kama hiyo soda kostiki, ikiivunja esta, vinapatikana viwili: chumvi ya asidi, ambayo kwa mafuta ndiyo sabuni, na alkoli, ambayo kwa mafuta ndiyo gliserini. Kitendo hicho ndicho saponifikasio. Na wataalamu, alisema, wanalitumia neno hilo kwa esta yoyote ile inayovunjwa na besi, hata kama mwishoni hupati sabuni ya kufulia hata soksi moja.

"Hata bila sabuni?" aliuliza baba mdogo, ambaye alikuwa amevua kofia.

"Hata bila sabuni."

"Huo ni wizi," alisema shangazi mmoja.

Halafu akafika kwenye lile alilolitaka. Alichora mishale. Kwenye esterifikasio, yaani kuundwa kwa esta, alisema, asidi na alkoli wanaungana polepole, halafu wengine wanaachana, wengine wanaungana tena, wanakwenda na kurudi, haiishi kamwe. Mishale miwili. Alinitazama aliposema hivyo. Saponifikasio pia ni ya polepole, lakini inafika mwisho. Mshale mmoja. Sabuni hairudi kuwa esta kwa njia ileile. Alikandamiza ule mshale mmoja mpaka mkaa ukavunjika.

"Rudia," aliniambia.

Nilirudia yote, nimesimama, mikono nyuma. Mjomba alihesabu amandi kwa sauti ya chini kisha akakata tamaa. Sombe ya majani ya muhogo ilikuwa imepoa. Sambaza, dagaa wa ziwani, zilikuwa zimepoa. Mbuzi wetu walilia nje na hakuna aliyecheka.

"Vizuri," alisema mwalimu. "Muiteni mutoto."

Aliingia na dada zake wawili, kitenge cha bluu, kichwa ameinamisha kama inavyotakiwa. Alitazama ukuta, akatazama mikono ya baba yake iliyo myeusi. Baba mdogo akarudisha kofia kichwani ili amuulize rasmi.

"Mama, hawa watu unawajua?"

"Namujua mumoja."

"Bintu byao, tukule ao tubirudishe?" Yaani vitu vyao wavile au wavirudishe.

"Ngojeni kwanza, Papa." Akainua kichwa, akanitazama mimi. "Nilikuwa kule jikoni, nimesikia yote. Mushale moja, mishale mbili. Papa anataka kujua kama wewe utakaa. Miye sikuuliza hivyo. Nauliza, siku utaenda, miye naenda?"

Mwanamke huyu hakuwa amewahi kuvuka Sake, mji wa jirani. Baba yake aligeukia ukuta. Kwenye ukuta mzima hakukuwa na mahali pa swali hilo.

"Unaenda," nilisema.

"Kesho kutwa ao siku moja?"

"Siku yoyote utakayosema."

"Basi mukule," alimwambia baba yake mdogo, na shangazi wakaruka juu kama walikuwa wamekalia moto.

Mwalimu alibaki amesimama karibu na mishale yake. Alinitazama muda mrefu, mimi, kisha binti yake, kisha tena mimi. Alikuwa ametumia saa nzima na robo kuufunga mlango mmoja, na mtoto wake alikuwa amepita kwenye mwingine, mbele ya wageni, bila kupandisha sauti. Alijifuta mikono kwenye koti tulilomletea asubuhi hiyo, likachafuka kuanzia mabegani mpaka mfukoni.

"Sahani," alisema, akinionyesha kwa kidevu. "Mumupe sahani, anasimama tu pale."