Maji Niliyoyakwangua

Jiwe lilisimama. Lilisukumwa na mikono iliyowahi kuichezea Japani, na halikufika hata nusu ya barafu. Mwalimu, mama wa Kijapani, akasukuma la pili, nalo likakwama. Arbab, mwenye uwanja, alikuwa amekaa na wageni wake, wakaanza kucheka. Mwalimu akainama mbele yao akaomba radhi kwa kosa ambalo lilikuwa langu. Mimi nilikuwa kando, kikwanguo mkononi.

Ngoja nirudi nyuma, rafiki yangu, maana kosa lenyewe nililibeba kutoka utotoni.

Kwa nyanya yangu, Kakamega, asubuhi ilianza na maji. Uji wa mtama ukitokota, nyanya alichukua kata, akawa anachovya vidole na kunyunyizia uwanja huku akirudi kinyumenyume asije akaukanyaga tena. Udongo ulinukia, hata sasa nikifumba macho naunusa. Akimaliza aliniita: "Haya mama, malizia kabla jua halijayanywa." Nilifagia mpaka uwanja ukalala kama nguo iliyopigwa pasi, na malipo yangu yalikuwa kiazi kitamu cha kuchoma majivuni. Shule niliachia darasa la nne. Kufagia hakuna aliyenishinda.

Ndiko kulikonifikisha Dubai, miaka ile ya elfu mbili na kumi na kitu, kwenye uwanja wa barafu ndani ya jengo la maduka. Mwalimu alikuja kufundisha wanawake kaling, mchezo wa kusukuma mawe mazito juu ya barafu, wenzako wakifagia mbele ya jiwe ili lifike mbali. Alinisimulia kwa Kiingereza cha vipande, chake na changu. Alianza akiwa msichana kwenye kijiji cha theluji, akitoka kukamua ng'ombe. Akavaa jezi ya nchi, akakosa mashindano makubwa kwa jiwe moja tu, halafu goti likamharibikia. Darasa lile ndilo lililombakia, na arbab alikuwa amesema atakuja siku moja kulitazama, kisha aamue kama liendelee.

Asubuhi ya siku hiyo nikamwona mwalimu amebeba tangi mgongoni, ananyunyiza maji kwenye barafu, anarudi kinyumenyume. Nyanya yangu kabisa. Akaenda kuvaa nguo za mchezo. Matone yakaganda, barafu ikaota vipele. Nikachukua kikwanguo. Dada Mganda niliyefanya naye kazi akanitania, "Mama, wewe hata barafu waona ina vumbi?" Nikacheka, nikakwangua mpaka pakang'aa. Sikujua jiwe hutembea juu ya vipele vile. Nilidhani namsaidia.

Baada ya ile aibu, msimamizi wetu Meshack, Mkenya mwenzangu, alinivuta pembeni. "Sema ni yule Mganda. Wewe una watoto, yeye hana. Yalla, twende."

Mbele ya arbab Meshack akamtaja, nami nikaitikia kwa kichwa.

"Mama," dada akasema taratibu, "niangalie basi."

Sikumwangalia.

Khalas, ikaishia hapo. Darasa likafungwa, dada akafutiwa viza. Tulikuwa tunalala chumba kimoja kule mtaa wa International City, kitanda chake juu ya changu. Alipofunga sanduku hakunitukana. Aliniachia kopo lake la karanga za kusaga, akasema zisiharibike. Nikazila zote.

Mwalimu naye siku ya kuondoka aliniuliza kwa upole kama Meshack hakutuambia tusiguse barafu ikishanyunyizwa, maana alimwagiza mara mbili. Nikajifanya sielewi Kiingereza.

Uwanja wa nyanya siku hizi umemwagwa saruji, hakuna anayenyunyiza kinyumenyume wala anayefagia. Nikienda nakaa ndani. Yule mtoto niliyekuwa, aliyesifiwa kwa ufagio, sijui nimwambie nini.

Aibu yangu nimeiandika, jina langu wanaonijua wanalo. Sasa wewe Meshack, najua uko Eldoret na ujumbe wangu unausoma. Uliagizwa, ukanyamaza, halafu ukamtoa kafara mtoto wa watu ili wewe usiulizwe. Mimi nimeshasema langu. Mjibu yule dada.